Mtaa Usiofunga Mabomba

Meneja wa idara ya maji aliamini kitu chenye risiti, na kadiri risiti ilivyokuwa ndefu ndivyo alivyolala usingizi mnono. Kwa hiyo mhandisi wake alipomwambia kwamba programu aliyoiweka kwenye kompyuta ni ya bure, alimtazama kama mtu aliyeuziwa saa ya barabarani. Mhandisi akamweleza taratibu: waliotengeneza programu hii wameruhusu kila mtu aitumie, aifungue ndani, hata aibadilishe akipenda. Wewe unaichorea tangi lako, mabomba yako na vilima vyako, nayo inakwambia maji yatafika wapi na kwa nguvu gani. Ile ya kununua ingemeza fedha zote za matengenezo. Meneja akaguna, na kwa wanaomjua, kuguna kwake ndiyo ruhusa yenyewe.

Mhandisi alikuwa mwanamke mpole wa maneno lakini king'ang'anizi wa kazi. Akauingiza mji mzima humo, bomba kwa bomba. Kila mahali hesabu za kompyuta na geji za kupima presha barabarani zikaelewana, isipokuwa mtaa wa juu, kule kilimani. Huko, asubuhi watu wakishaenda makazini na watoto shuleni, presha ilianguka hadi nusu, na nyumba za mwisho hazikupata hata tone. Maji yanaisha na watumiaji hawapo nyumbani! Mhandisi akakata kauli kwamba kuna bomba kubwa linavuja chini ya lami mpya, mbele ya maduka.

"Una uhakika?" meneja akauliza. "Nikichimba ile lami nikaambulia patupu, hiyo programu yako inatoka siku hiyohiyo."

Akasema anao, na kweli alikuwa nao.

Siku moja kabla ya kuchimba alipanda kilimani kuweka alama za chokaa barabarani, akaona si adabu kupita bila kumsalimia mama mkwe wake anayeishi mtaa uleule. Mama mkwe hakuwa mkorofi. Ila alikuwa na tabia ya kumsikiliza mke wa mwanawe hadi mwisho, kisha kumgeukia mwanawe na kumuuliza kama ni kweli. Mhandisi alikuwa ameizoea tabia hiyo, lakini ilimuuma.

Akabisha hodi, kimya. Akazunguka uani. Bomba lilikuwa wazi hadi mwisho, pipa limejaa pomoni, maji yanakimbilia mtaroni. Akaharakisha kulifunga.

"Usifunge," mama mkwe akasema kutoka mlangoni, macho yamejaa usingizi. "Yakija yakakuta limefungwa, nitajuaje kama yamekuja?"

"Lakini yamekuja, mama. Pipa limejaa."

"Leo yamekuja. Jana je?"

Akamweleza kwamba mtaa mzima ndivyo wanavyofanya. Anayekwenda kazini anaacha bomba wazi na ndoo chini yake, akirudi akute chochote alichojaliwa. Mhandisi akatega sikio. Nyuma ya ukuta wa jirani maji yalikuwa yanachuruzika, na kwa jirani wa pili, na kwa wa tatu. Hakukuwa na bomba lililopasuka popote. Yeye ndiye aliyeiambia kompyuta kwamba watu wakitoka nyumbani hawatumii maji, kwa sababu kwake maji hayakatiki na hajawahi kuwaza vingine. Hawa walifungua kwa kutoyaamini maji, na maji hayakufika juu kwa sababu wamefungua.

Akajikaza kisabuni, akarudi kumwambia meneja asichimbe.

"Kwa hiyo imekosea," meneja akasema.

"Mimi ndiye niliyekosea, bosi. Yenyewe ilikuwa inaniambia kwamba nilichoiandikia si kweli."

Akaandika upya, mabomba wazi asubuhi nzima, na hesabu ikakaa sawa na geji. Kisha akayafunga yote humo humo kwenye kompyuta, na maji yakapanda hadi nyumba ya mwisho. Meneja akasema kwenye kompyuta hata yeye angeweza kufunga. Aende akawafungie watu wenyewe. Akampa siku ya kesho tu.

Lakini nani atangulie kufunga, ajifanye mjinga huku jirani anakinga? Jioni akaenda na mumewe kwa mama mkwe, maana akifunga huyo, mtaa unafunga. Akaeleza yote. Mama mkwe akasikiliza hadi mwisho, kisha kama kawaida akamgeukia mwanawe. Mwanawe anauza viatu. Akasema kwenye maji wasimuulize yeye, wamuulize mwenye maji.

Mama mkwe akamgeukia mkwewe.

"Yasipokuja, nitapikia nini?"

"Yatakuja, mama."

"Sikuuliza hivyo. Nitapikia nini?"

"Nitakubebea mimi. Kwa ndoo, kichwani, kutoka kwangu kule chini."

Mama mkwe akamtazama vizuri, akacheka, akavaa ndala zake. Akapita nyumba kwa nyumba, na kila mlango alisema maneno yaleyale: mkwe wangu amesema tufunge, tunafunga.

Kesho yake mhandisi alikaa uani kwa mama mkwe, roho mkononi. Katikati ya asubuhi fundi aliyekuwa kwenye geji akampigia simu kwamba presha inapanda. Baadaye akapiga tena: nyumba ya mwisho wanapata maji na hawaamini macho yao. Mhandisi alifurahi hadi akaona aibu, akajifanya anafunga kamba za viatu.

Mama mkwe hakuwa na habari na geji. Adhuhuri akaenda kwenye bomba, akalifungua, maji yakatoka kwa nguvu yakamrukia gauni. Akanawa mikono polepole, hadi viwikoni, bila kukinga ndoo wala bakuli. Kisha akalifunga kwa mkono wake mwenyewe, akaingia ndani kulala.