Neno Moja la Fundi

Mume wangu amebakiwa na neno moja tu, na wala si jina langu. Ni gia.

Jamani! Miaka ishirini na sita nampikia, namfulia ovaroli zilizolowa grisi, halafu kiharusi kinakuja kufagia maneno yote kichwani mwake, kinaacha gia! Daktari wa mazoezi ya kuongea alinieleza kwamba hutokea, mgonjwa akabaki na neno lile lile kwa kila kitu, na kuelewa anaelewa. Nikamwambia, "Kama anaelewa, basi mwulize yeye kwa nini hakubakiza jina la mkewe." Mume wangu akacheka mpaka machozi yakamtoka. Hapo nikajua bado yumo humo ndani, mzima kabisa, na mimi nikalia kwa furaha kwenye benchi la hospitali.

Ni fundi wa giaboksi. Kwake gia ilikuwa chuma chenye meno, basi, na vijana wa gereji walipolitumia neno lake ovyo alikuwa anawaka. Wakisema fulani kaenda dukani na gia ya kuomba chenji, kumbe anamtaka dada muuzaji, Fundi atafoka, "Gia gani hiyo, ina meno mangapi?" Mtu akigeuza mawazo dakika ya mwisho, wakasema kabadili gia angani, atauliza ni ndege gani hiyo na nani kaifungua. Na ukimwambia aweke gia, yaani afanye haraka, ndiyo kwanza anavuta kiti anakunywa chai. Sasa gia hiyo hiyo ndiyo chai, ndiyo dawa, ndiyo funga dirisha, ndiyo mke wangu umezidi domo.

Mkalimani mkuu nilikuwa mimi, na nilijisifu. Akifungua mdomo tu, nishamaliza. "Anataka maji." "Anasema mpunguze redio." Watu wakawa wananitazama mimi badala yake. Miezi minane, na sikuona ubaya wowote.

Basi binti yetu akapata mchumba. Binti mwenyewe ndiye anayeendesha gereji sasa, anafumua giaboksi ya lori huku anaimba. Kijana ni muuza duka la dawa, mpole, mikono misafi mpaka unamwonea huruma. Wazazi wake wangekuja Jumamosi saa tisa mchana kuchukua jibu, na jibu ni la baba wa binti. Sebule imejaa wageni, halafu mume wangu asimame aseme gia? Wakimcheka je? Niliogopa kumwona akiaibika kuliko nilivyoogopa ugonjwa wenyewe, nasema kweli. Nikampigia simu shemeji, mdogo wake, mwenye sauti nzito na suti, aje aseme kwa niaba yake. Nikamwuliza mume wangu kama ni sawa.

"Gia," akasema taratibu.

"Amekubali," nikamwambia shemeji.

Wakaja, pamoja na kijana mwenyewe. Baba wa kijana alikuwa mwalimu mstaafu wa hesabu, miwani puani, uso wa kusahihisha madaftari. Nikamwaga chai kwenye sahani kwa woga. Shemeji akasimama, akafunga kifungo cha koti.

"Kwa niaba ya kaka yangu…"

"Gia!"

Mkono wa kushoto, ule mzima, umeshapiga meza na vikombe vimeruka. Shemeji akakaa bila kubisha. Nami nikadakia, "Anasema karibuni sana, tena ame…"

"Gia!"

Hiyo ilikuwa yangu. Kumbe ile gia ya siku nilipompigia shemeji haikuwa kukubali hata kidogo. Nikafunga mdomo, mashavu yananiwaka.

Akainuka. Binti akataka kumshika, akamkatalia, akaegemea ukuta. Akaanza na wageni, mkono kifuani, gia za pole pole, na mama wa kijana akaitikia, "Asante, tumeshakaribia." Akamgeukia binti, sasa kwa kasi, gia gia gia, anakunja uso, anakaza nati hewani, anaiga mtu anayebamiza mlango. Sebule nzima ikajua anasimulia ukaidi wa mwanawe. "Baba, basi, unaniumbua!" binti akapiga kelele, na mwalimu akavua miwani afute macho kwa kicheko. Kisha kidole kwa kijana, gia moja, nzito.

"Nimesikia, baba," kijana akasema. "Sitamnyanyasa."

Nani kamtafsiria? Hakuna! Nilikaa pale sina kazi, roho inaniuma na inacheka papo hapo.

Sote tukangoja jibu. Fundi akamgeukia binti tena, akamnyooshea kiganja kitupu, akauliza kwa sauti ndogo, "Gia?"

Loh, aibu ilinishika! Wiki mbili nahangaika na vitambaa vya viti, na shemeji, na suti ya shemeji, hakuna hata mmoja wetu aliyemwuliza binti mwenyewe.

"Namtaka, baba," akasema, machozi yanamdondoka. "Kwa moyo wangu wote."

"Gia!" Fundi akawaambia wageni, akatabasamu kwa upande mmoja wa uso, nami nikapiga kigelegele mpaka sauti ikanikauka.

Wageni walipoondoka jua lilikuwa bado kali. Nikawa nakusanya vikombe. Fundi, kwenye kiti chake, akasema, "Gia."

"Umechoka? Nikupeleke ukalale."

Akatikisa kichwa.

"Miguu? Nikukande miguu?"

Akatikisa tena. Na mimi, mkalimani mkuu, nikasimama na sinia mkononi. Ikabidi niseme neno ambalo sikuwa nimelisema kwa miezi minane.

"Sijaelewa, mume wangu."

Akacheka, akapigapiga kiti cha pembeni yake. Nikaweka sinia chini, nikakaa. Akaanza upya, pole pole, na safari hii nikamwacha aseme mpaka mwisho.