Kicheko Mbele ya Jeneza

Mwanamkisi alijiona kwenye shuka jeupe akicheka, mdomo wazi. Mara likapita jeneza la Bwana Kamaludin. Kisha akajiona tena, bado anacheka. Ghala lile la mtaa wa Langoni, lililozibwa madirisha alasiri ili sinema ionekane, likamgeukia.

Upande wa wanawake akainuka Bi Hindu, dadake marehemu. "Mauti ya ndugu yangu ndiyo yaliyokuchekesha?"

"Wallahi sikucheka maiti! Siku ile punda alitia kichwa chake dukani kwangu..."

"Nimekuona kwa mato yangu."

Bi Hindu akatoka. Ijumaa ya pili mwanawe, Fadhil, alikuwa amuoe Khairiya, binti wa Mwanamkisi.

Asubuhi kazi haikwenda. Sindano ilimchoma Mwanamkisi mara mbili, damu ikaingia kwenye kofia ya watu aliyokuwa akiishona. Khairiya alikuwa akiikunja upya nguo ileile. Mwanamkisi akavaa buibui, akamwendea Mahmud, mkalimani wa mgeni mwenye sinema.

"Mgeni hakukusudia ubaya, Bi," Mahmud alisema. "Huzikata picha, akazichanganya siku makusudi. Ataka watu wasiyaamini macho yao upesi."

"Basi watu wangu wameyaamini. Nipe huo utepe wa picha."

Aliupitisha polepole kati ya vidole vilivyoshona kofia miaka ishirini. Ukucha ukakwama. Palikuwa na kiungo, kimegandishwa kwa gundi kama kiraka.

Kwa Bi Hindu, alikoupeleka utepe, hakukaribishwa kuketi. Mwanamkisi alimshika kidole, akakiweka penye kiungo. "Hapa pamekatwa. Na hapa tena. Siku niliyocheka, Bwana Kamaludin alikuwa hai."

Bi Hindu, ameketi kitandani karibu na dirisha, alipapasa. "Kidole chasema hili, mato yasema lile. Niamini lipi?"

Mwanamkisi akamwachia utepe mkononi.

Bi Hindu akauinua utepe dirishani auchungulie mwenyewe. Akalipita jeneza, akakipita kicheko, akazidi kuvuta, ghafla akasita. Mdogo kama ukucha, nduguye alikuwa ameketi barazani akijifunga kilemba. Picha ya pili, mkono umeinuka kidogo. Ya tatu, zaidi.

"Bi Hindu," Mwanamkisi aliuliza kwa sauti ndogo, "na harusi?"

Bi Hindu alisogea kitandani, pakabaki nafasi ya mtu mmoja kuketi, naye akaendelea kuuvuta utepe mwangani, picha moja moja.