Siku ya Kunyoa Ndevu

Kwa miaka ishirini na sita nimewatazama watu kwa jicho la kulia, la kushoto nimelifumba. Nimepiga picha za taarifa ya habari, mechi, matangazo ya sabuni, filamu za vita na tamthilia za mapenzi. Hata tembo anayezaa nimempiga, na alinivumilia kuliko waigizaji wengi. Sijivuni. Haya, najivuna kidogo.

Mwaka huu jicho hilo likaanza kuingia ukungu. Daktari akasema ni mtoto wa jicho, nikafanyiwe upasuaji. Nikamwambia nitarudi tamthilia tunayoipiga mwaka wa tatu sasa ikiisha. La kushoto nililijaribu kwenye kamera, likagoma; kazini sikumwambia mtu. Mpiga picha asiyeona, nani atamwita tena?

Ikabaki siku moja: baba wa kwenye tamthilia ananyoa ndevu. Ndevu zenyewe ni za kweli, mwigizaji kazifuga miaka mitatu, mkewe kalalamika mpaka kachoka. Wembe ukipita umepita. Hakuna kurudia.

Asubuhi hiyo chumba kilikuwa tayari: beseni, kioo, na taa niliyoificha nyuma ya pazia ili mwanga uonekane wa dirishani. Nikaweka jicho kwenye kamera. Sura ya mzee ilikuwa uji mtupu.

"Sogeza mbele kidogo," nikamwambia msaidizi wangu. Tunamwita Futi, maana kazi yake ni kupima umbali kwa tepu na kuzungusha lenzi ili sura ionekane wazi. Tumekorofishana miaka tisa.

"Tayari, dada."

Bado uji. "Nimesema sogeza!"

"Tayari."

Nikafumbua jicho la kushoto. Mkono wake haukuwa kwenye lenzi. Ulikuwa umeshika kikombe cha chai.

"Futi, unanichezea?"

Akainama, akasema kwa sauti ya chini, "Dada, tangu mwezi wa tatu ukisema sogeza, mimi naitikia tu. Nafuata tepu yangu. Ningekufuata wewe tungekuwa tumeshafukuzwa wote."

"Umemwambia nani?"

"Nimwambie nani? Bosi wangu si wewe?"

Nilikasirika, tena sana. Kisha nikaona aibu, kwa sababu miezi mitano nilikuwa najisifia picha zilizookolewa na mtu ninayemfokea.

Ningeweza kunyamaza, naye angenyamaza. Lakini mzee angeinama na kuinuka kwenye beseni apendavyo, na hapo tepu haisaidii, panataka jicho. Nikamwendea mwongozaji.

"Jicho langu limeharibika, nimekuficha. Leo apige Futi."

Alinitazama mpaka nikatamani anitukane yaishe. "Na mwanga?" akauliza.

"Mwanga ni wangu."

"Haya. Akae."

Futi akanikabidhi tepu yake, akakaa kwenye kiti changu. Mimi nikasimama kando ya pazia, macho yote mawili wazi. Wembe ukapita shavu la kwanza, ikatokea sura ya mtu niliyemtazama miaka mitatu bila kumjua: mpole, mwenye kidevu kidogo, anayeogopa kuzeeka. Machozi yakanitoka. Shavu la pili sikuliona kabisa.

Mwongozaji akasema kata. Futi akanigeukia, jasho likimtiririka.

"Dada, imekaa sawa?"

"Tayari," nikamwitikia.