Shahidi wa Mwalimu Fidelia

Mwalimu Fidelia alifika mahakamani Njombe kabla hata ya karani, kajitanda vitenge viwili kwa ajili ya baridi. Hofu hakuwa nayo. Shauri lake la mafao lilikuwa limeahirishwa mpaka majirani zake wa kijiji cha Yakobi wakachoka kumuuliza, lakini leo shahidi alikuwa anakuja, na shahidi mwenyewe ni Mwalimu Halfan.

Ofisi iliyomwajiri ilidai kwamba miaka aliyofundisha Makambako hakuwa kazini. Alikuwa mtoro, walisema, na mtoro hana pensheni. Barua yake ya uhamisho haikuonekana popote. Waliofundisha naye kule walikwisha kuzikwa, akabaki Halfan, aliyekuwa mwalimu mkuu, ambaye naye alikuwa akiidai ofisi hiyohiyo.

"Tutakula pamoja au tutalala njaa pamoja, dada yangu," Halfan alimwambia walipofungua kesi.

Tena hawakuwa watu baki. Zamda, mke wa Halfan, aliposhikwa na uchungu na mvua imekata barabara, Fidelia ndiye aliyempokea mtoto. Wakamwita Rukaiya. Alipoanza darasa la kwanza, Fidelia huyohuyo akamshika mkono kumfundisha kuandika.

Halfan aliingia na kanzu mpya. Akala kiapo, macho chini.

Fidelia hakuwa na wakili. Alisimama mwenyewe. "Mwalimu Halfan, iambie mahakama nilikuwa nafundisha somo gani shuleni kwako."

Halfan akakohoa. "Ulikuwa unakuja nyumbani. Mlikuwa marafiki na mke wangu."

"Shuleni, mwalimu. Darasani."

"Darasani sikukuona."

Fidelia alidhani Halfan hakumsikia vizuri. Akalirudia swali polepole, kwa sauti pana ya darasani, kama anavyorudiwa mtoto mzito. Wakili wa ofisi akacheka. Mtu mwingine nyuma akadakia.

"Mama," hakimu alisema, naye akijizuia, "ameshajibu. Na huyu ni shahidi wako mwenyewe."

Shauri likatupwa, na gharama za kesi akabebeshwa yeye.

Alipotoka nje, Halfan alikuwa keshaondoka. Fidelia akapanda basi la Makambako bila kufikiri atarudije. Rukaiya alikuwa na nyumba ya wageni nyuma ya maegesho ya malori, na baba yake alikuwa akiishi humo.

Rukaiya alitoka, akapiga goti. "Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Baba yako yuko wapi?"

"Kajilaza. Presha imempanda."

"Mwanangu, unajua alichonifanyia leo?"

Rukaiya alifuta kiti kwa ncha ya khanga, akamkaribisha kukaa.

"Najua, mwalimu. Mimi ndiye niliyemshauri. Ofisi walimwambia wako tayari kumaliza madai yake, ila si yenu nyote wawili. Nikamwambia, baba, tuna watoto wanasoma. Mwalimu Fidelia hana anayemtegemea, shamba lake linamtosha."

"Nilikupokea kwa mikono hii, Rukaiya."

"Mama hunisimulia kila mara."

Alisema bila kebehi hata kidogo. Angemtukana, Fidelia angepata pa kuanzia. Aliinuka, akaliendea pazia la chumba cha ndani.

"Halfan! Toka unitazame!"

Ndani kulisikika kikohozi. Kisha redio iliyokuwa ikinong'ona ikapandishwa sauti. Fidelia aliita tena, na tena, akilishindanisha koo lake na kipindi cha mpira, huku madereva waliokuwa wakila ugali barazani wakigeuka kumtazama bibi mwenye fujo. Mmoja akauliza kama anadai chumba.

Sauti ikamkauka. Alipoingiza mkono kwenye mkoba akakuta hana nauli ya kurudi.

Rukaiya aliona. Akaenda kwenye droo, akarudi na noti, akampa kwa mikono miwili, kama alivyofundishwa kumpa mkubwa kitu. Fidelia aliitazama. Nje ukungu ulikuwa unashuka juu ya malori, na Makambako nzima hakuwa na mlango mwingine wa kubisha.

Akaipokea. Tena akasema ahsante, mdomo ukiwahi moyo. Rukaiya akambebea mkoba, akamsindikiza hadi stendi, njia nzima akimwuliza viazi vya mwaka huu vimekubali vipi.