Midomo ya Clarice Ormerod

Jumatatu mchana Clarice Ormerod alikuwa kwenye chumba cha kuvalia cha ukumbi ulio mwisho wa gati la Blackpool, mji wa starehe wa pwani ya Uingereza, akila utumbo wa ng'ombe kwa siki na pilipili manga, kama alivyokula kabla ya kila onyesho tangu aache kazi ya kufuma nguo kiwandani. Sauti hakuwa nayo. Ilibaki London tangu mwezi wa tano, ndani ya maikrofoni.

Aliyemwita London ni Bwana Pemberton wa kituo kimoja cha redio, akamjaribu. Clarice aliimba, akatania, akafungua mdomo kuaga, sauti haikutoka. Pemberton akaichungulia maikrofoni.

"Sauti tunaichukua," alisema. "Matamshi ya kiwandani, hapana."

Akamwitia teksi. Muda si mrefu sauti ile ikasikika redioni, imenyooshwa kama shati lililopigwa pasi, ikitoka kinywani mwa binti mmoja aitwaye Daphne Lyle. Mjini kwetu Brackenshaw, ndiko kwao Clarice, kila mtu aliitambua. Tuliudhika sana, kisha tukaenda kazini.

Sasa Bwana Tattersall, meneja wa ukumbi, alisimama mlangoni akizungumza na Hilda, dada yake Clarice, aliyekuwa akimfunga vifungo vya gauni.

"Mchekeshaji asiye na sauti ni mtu aliyesimama tu, mama. Leo wakimzomea, arudi kwenye mitambo yake."

Clarice alichezesha midomo.

"Anasemaje?"

"Anasema tai yako imeoga supu," alisema Hilda.

Tattersall aliitazama tai. Ilikuwa kweli. Lakini yeye ni mtu wa Blackpool, na alikuwa amesahau hii ni wiki ya nani. Ilikuwa wiki yetu. Kila kiangazi viwanda vya Brackenshaw hufungwa kwa pamoja na mji mzima huhamia pwani, hata jirani uliyemkimbia nyumbani unamkuta kwenye nyumba ya wageni akikusubirisha mlangoni pa choo. Ukumbi ulijaa wafumaji tupu. Na mitambo ya kufumia hunguruma kiasi kwamba ndani ya kiwanda hakuna aliyewahi kumsikia mwenzake. Tunasema kwa midomo, tukiipanua vizuri, kutoka ukuta hadi ukuta. Tumechumbiana hivyo, na uongo wetu wote umesambazwa hivyo.

Clarice akatoka jukwaani, akapanua midomo.

"Haya wapenzi! Nani kaacha paka ndani?"

Ukumbi ukaangua kicheko. Mama mmoja wa safu ya nyuma akaruka wima, akamjibu kwa midomo kwamba ni mume wake, na paka ana akili zaidi. Ikawa hivyo mchana kutwa, kimya halafu vicheko, mpaka mbao za gati zikatikisika. Alipoimba, watu walitoa leso. Mzee Walmsley, ambaye ni kipofu, alisema wimbo ulikuwa juu kidogo kuliko mwaka jana. Nilijivuna siku ile kuwa mtu wa Brackenshaw, na sijaacha.

Bwana Pemberton alikuja mwisho wa wiki, akakaa katikati yetu.

"Samahani, mnacheka nini?" alimuuliza mama aliyekaa kando yake. "Mimi sisikii kitu."

"Ungekuwa umewahi kufanya kazi, mpenzi, ungesikia," alisema mama yule, akampa peremende.

Pemberton aliimung'unya peremende mpaka ikaisha, akarudi London. Sauti hakuirudisha. Tattersall alimbakiza Clarice msimu mzima, lakini kwenye bango jina lake lilibaki chini kabisa, chini ya mbwa wanaotembea kwa miguu miwili.

Msimu ulipokwisha alirudi nyumbani. Kila Jumapili jioni Daphne Lyle huingia redioni na nyimbo za Clarice. Clarice husogeza kiti, akaifuatisha sauti yake kwa midomo, neno kwa neno, akiirudishia matamshi ya kwetu na kuisahihisha inapokosea utani.

"Hapo kaharibu," husema midomo yake. "Ngoja nikuonyeshe."

Hilda huweka chini kikombe cha chai, akaizima redio apate kumsikia dada yake vizuri.