Mkono Uliolegea

Miaka nenda miaka rudi Eberhard Lutzke aliwapigia wengine picha za sinema kule Berlin, na kila filamu ilipokwisha alijiambia kwamba yeye angeiandika vizuri zaidi. Siku alipothubutu kumpelekea mwenye studio, Bwana Zumbusch, hadithi yake mwenyewe, wenzake walimwonya asiache mbachao kwa msala upitao. Zumbusch alikubali kwa shingo upande: wapige onyesho moja, walitazame pamoja, likiwa bovu, hadithi inatupwa, na Eberhard asimletee nyingine maishani.

Onyesho lenyewe lilikuwa dogo. Mama anamenya viazi, mlango unagongwa, anaukimbilia akidhani mwanawe amerudi kutoka vitani, anaufungua, hakuna mtu. Mama huyo aliigizwa na Gesine Althoff, lakini Eberhard alikuwa amemwandika mama yake mzazi, aliyemngoja kaka yake Eberhard arudi kutoka vitani mpaka mwenyewe akaingia kaburini.

Kamera za siku zile zilizungushwa kwa mkono. Mpiga picha aliimba polka, wimbo wa dansi, kimoyomoyo ili mkono usiende mrama, maana ukipunguza mwendo, watu kwenye pazia la sinema hukimbia kama kuku waliomwagiwa maji. Eberhard hakuwa mtu wa kukosea hapo. Ila Gesine alipofuta mikono kwenye aproni vilevile alivyofuta marehemu mama yake, polka ilimtoka kichwani, mkono ukalegea, na mwenyewe wala hakujua.

Alijua kesho yake, walipoketi kutazama. Viazi vilirukaruka, mama akatimka kuelekea mlangoni, miguu haionekani. Zumbusch alicheka mpaka sigara ikamdondoka. Gesine naye akacheka, kwa kuwa ni binadamu. Eberhard alitamani ardhi ipasuke immeze. Hadithi yake imekwenda na maji, sawa, lakini kumfanya mama yake kichekesho kulimuuma zaidi.

Kwenye pazia mlango ukafunguka. Gesine alisimama pale bila kutikisika, na aliyesimama tuli hakuna kamera ya kumkimbiza. Akazidi kusimama. Kicheko cha Zumbusch kikakatika.

Taa zilipowashwa Eberhard aliomba radhi, akaeleza kuwa mkono ulimponyoka, akaahidi kulipiga upya onyesho lote leo hii.

"Ukilirudia nakufukuza kazi," Zumbusch akasema. Aliokota sigara yake, akakaa nayo tu bila kuivuta. "Mke wangu ndivyo anavyokimbia, bwana. Tangu vita viishe mpaka leo, mlango ukigongwa. Na sisi pale nyumbani huwa tunamcheka."

Gesine alimshika Zumbusch bega, naye hakuuondoa mkono huo.

"Haya, Lutzke," Zumbusch akasema hatimaye, akivuta kiti karibu naye ili Eberhard akae. "Ukurasa unaofuata unasemaje?"

Eberhard alikaa.

"Mlango unagongwa tena," akasema.