Miaka ya Thelathini Chumbani kwa Bi Diao

Mimi ndiye niliyebandika ile karatasi ya muhuri, na sitaki mtu aniulize tena kwa nini.

Dari ya Bi Diao ilikuwa imebonyea. Juu yake anakaa Profesa Kuang, mstaafu wa chuo kikuu, na vitabu elfu sita vya historia ya China, Japani na Korea, vyote vya karne hii yetu yenye balaa. Amevipanga kwa miaka kumi kumi, kila muongo rundo lake. Bi Diao alikuja ofisini kwetu, kamati ya wakazi, nywele zimejaa chokaa.

"Miaka ya thelathini itaniua!" akafoka. "Iko juu ya mto wangu wa kulalia kabisa! Ilishamchukua baba, sasa inanifuata mimi!"

Sote tukatazama chini. Mwaka 1937, vita na Wajapani vilipokaribia mji wa Nanjing, baba yake alipanda meli kupeleka mitambo ya kiwanda Chongqing, mbali bara. Bi Diao alikuwa bado tumboni. Baba hakurudi, na hadi siku ile mama huyu hakujua kama alikufa au aliwatupa. Ukigombana naye, hata juu ya kabichi, mwisho ni hapo hapo.

Tukapanda kwa Profesa, nikamwambia aondoe muongo mmoja.

"Nikitoa thelathini," akasema, "arobaini itatokea wapi?"

"Itatokea tu, Profesa! Sisi wengine ilitutokea bila kusoma."

Akalia. Mzee mzima, analia kweli kweli. Nikaona haya, na kwa haya hiyo nikatoa uamuzi wa kijinga: dari inataka nguzo, vitabu vinataka mahali. Tukateremsha miaka ya thelathini yote, tukaipanga chumbani kwa Bi Diao kutoka sakafuni hadi darini. Dari ikatulia. Nikabandika karatasi ya kamati yenye muhuri mwekundu: MARUFUKU KUGUSA.

Profesa akaizunguka nguzo, ameridhika. "Kile cha kijani, cha tatu kutoka chini," akasema, "kina majina ya wafanyakazi wote waliopeleka mitambo. Na habari za kila mmoja."

"Unasema sasa?" Bi Diao akauliza.

"Hukuwahi kuniuliza, dada. Ulikuwa unagonga dari tu kwa ufagio."

Siku nne Bi Diao alilala kando ya kitabu kile. Ya tano akaichana karatasi yangu, akatoka uani, akaita jengo zima. Tulikuja kumi na saba, na meza na viti vyetu, tukapanda, tukashika dari kwa mikono. Mimi nilikuwa juu ya kabati, na miaka yangu sitini na tano. Profesa akachomoa kile cha kijani. Nguzo ikaporomoka, vumbi likatujaa, na dari yote ikatulalia mikononi.

"Soma haraka, mama!" akapiga kelele Ruan, fundi baiskeli. "Mikono inakufa ganzi!"

Bi Diao alitafuta kwa kidole, akapata.

"Diao Shouye, fundi wa boila. Aliomba ruhusa kurudi Nanjing mara nne. Sababu: mke ni mjamzito. Alikataliwa mara nne. Mara ya tano hakuomba. Aliondoka kwa miguu."

"Imekwisha?" akauliza Ruan.

"Imekwisha."

Hakuna aliyeshusha mkono. Chokaa ilitudondokea machoni, na mimi nililia bila kusingizia chokaa.

"Shikeni hivyo hivyo," akasema Bi Diao. "Nasoma tena."